Mjadala: Je, Erik van Muiswinkel alichelewa mno kumwacha Piet Mweusi?

Mtoa mada:

Waungwana, naleta mbele yenu suala la mwigizaji na mchekeshaji wa Kiholanzi Erik van Muiswinkel, ambaye tangu mwaka 1998 hadi 2016 aliigiza nafasi ya Hoofdpiet, yaani mkuu wa akina Piet Mweusi, wasaidizi wa Sinterklaas (mtakatifu ambaye katika sikukuu ya Uholanzi huwaletea watoto zawadi), katika vipindi vya televisheni ya umma vinavyotazamwa na familia nzima kuanzia katikati ya Novemba hadi usiku wa zawadi wa tarehe 5 Desemba. Ili kuigiza nafasi hiyo alipakwa uso rangi nyeusi na kuvaa wigi la nywele zilizosokotana. Mwaka 2016 alijiondoa, kwa maelezo kwamba NTR, chombo kinachotayarisha vipindi hivyo, kilikuwa kinasuasua kumbadilisha mhusika huyo.

Wapo wanaodai kwamba alisaliti jadi. Hoja hiyo sitaipa nafasi kubwa, kwa kuwa mtumishi huyo mweusi alienezwa na kitabu cha mwalimu wa Amsterdam, Jan Schenkman, kilichochapishwa mwaka 1850, wakati ambapo watumwa walikuwa bado wanafanyishwa kazi katika mashamba ya Suriname chini ya utawala wa Uholanzi. Kinachonishughulisha zaidi ni hoja ya upande wa pili, kwamba mtu aliyejipatia riziki na umaarufu kwa nafasi hiyo kwa miaka 18 hana cha kupongezwa. Mimi nasema anacho. Mpinzani wa nje huambiwa daima kwamba haielewi sikukuu hii. Ni vigumu kumwambia hivyo Hoofdpiet mwenyewe.

Mchangiaji:

Ndugu mtoa mada, kwa heshima zote, umeanza kuhesabu mahali pasipofaa. Mwaka 2011, mjini Dordrecht, Quinsy Gario na Jerry Afriyie walikamatwa na polisi katika mapokezi ya Sinterklaas, yaani sherehe ya kila mwaka ya kumpokea anapowasili, wakiwa na fulana zilizoandikwa kwamba Piet Mweusi ni ubaguzi wa rangi. Hoofdpiet wa televisheni aliendelea na kazi yake kwa miaka mitano mingine. Ninaishi Rotterdam, na katika miaka hiyohiyo mwanangu aliitwa Piet na wenzake darasani huku mwalimu akilichukulia jambo hilo kuwa mzaha. Subira ya mwigizaji ilikuwa na gharama, na mlipaji hakuwa yeye. Unapompongeza mtu kwa kuondoka, uwataje kwanza waliomwonyesha mlango.

Mtoa mada:

Pole kwa yaliyompata mwanao. Hilo halina mjadala, na Gario na Afriyie nilipaswa kuwataja kabla ya mtu mwingine yeyote. Hata hivyo, sidhani kwamba kuwapa haki yao kunatulazimu kumnyima Van Muiswinkel yake. Kabla ya kuondoka alikwisha kusema hadharani kwamba Piet apunguziwe weusi na utumishi, na kuyasema hayo ukiwa ndani ya kipindi kinachopendwa na watoto wa nchi nzima ni kujitakia uadui wa wazazi wao. Tusisahau pia jinsi mambo yalivyokwenda polepole: mwaka 2014 mjini Gouda, mji maarufu kwa jibini, walionekana akina Piet wenye nyuso za manjano kama jibini (ufumbuzi ambao, nakiri, hunichekesha hadi leo), mwaka 2015 kamati ya Umoja wa Mataifa ya kutokomeza ubaguzi wa rangi ikaitaka Uholanzi ichukue hatua, na ni mwaka 2019 tu, mjini Apeldoorn, ambapo mapokezi ya kitaifa yalikuwa na akina Piet waliopakwa madoa ya masizi pekee, kama watu waliopita kwenye dohani.

Sidai kwamba mabadiliko hayo yaliletwa na kujiuzulu kwake. Nakubali pia kwamba angeondoka mwaka 2013 ningemsifu zaidi. Swali ambalo bado hatujalijibu, na ningependa hasa walio katika fani ya uigizaji walichangie, ni hili: mtu anayeamini kwamba anaweza kumbadilisha mhusika akiwa ndani, ajipe misimu mingapi kabla ya kulivua wigi?