Unyevu ukutani: kila nikiziba unapanda juu zaidi

Mleta mada
Wakuu, plasta ilikuwa inavimba na kutoa unga mweupe, kama futi moja kutoka sakafuni. Ikabanduliwa, ikapigwa mpya ya saruji yenye dawa ya kuzuia maji, kisha rangi ya mafuta mikono miwili. Mvua zimenyesha, sasa unyevu uko karibu mita moja na rangi inatoka malengelenge. Nipige mkono wa tatu?

MwashiMkuu
Usithubutu. Maji yanatoka ardhini, tofali linayanyonya. Mwanzo yalikuwa yanatokea pale chini na kukauka hewani. Umeyaziba, yanapanda kutafuta pa kutokea. Huo unga ni chumvi. Maji yakikauka nyuma ya rangi, chumvi inaganda humo humo na kuisukuma plasta mpaka ibanduke.

Anzia nje. Udongo uwe chini ya DPC (ile nailoni ya juu ya msingi) kwa sm 15 au zaidi. Mara nyingi mchawi ni bustani ya maua iliyojazwa udongo mpaka ikaipita DPC. Kagua na gata inayovuja.

Chokaa
Pima kabla ya kubomoa. Kwangua rangi kwanza, la sivyo kipimo kitakudanganya. Bandika nailoni ya sm 50 kwa 50, ziba kingo zote kwa gundi ya utepe, acha siku mbili. Matone upande wa chumbani ni mvuke wa hewa ya ndani: fungua madirisha, nyundo weka chini. Yakiwa nyuma ya nailoni, ukuta ndio wenye maji.

Na chumvi usiioshe! Itayeyuka irudi ndani. Brashi kavu, uizoe uitupe mbali.

Mleta mada
Sawa. Na nikimwaga zege kuzunguka nyumba nzima?

MwashiMkuu
Ni kosa lile lile, umelihamishia nje. Ardhi iliyofunikwa haikauki, na unyevu wake unaishia kwenye msingi. Kando ya ukuta weka changarawe, upana sm 30.

Ndani, bandua plasta mpaka sm 30 juu ya alama ya unyevu, halafu subiri. Makadirio ya mafundi ni mwezi mmoja kwa kila sm 2.5 za unene, kwa hiyo ukuta wa sm 23 unakaribia miezi tisa. Najua, inakera. Kisha plasta ya chokaa, kipimo kimoja kwa mchanga vitatu, na juu yake chokaa ya kupaka. Rangi ya mafuta isirudi hapo.