Naomba ushauri: kampuni inataka haki za filamu zangu zote fupi ndipo inipe kazi Dar es Salaam

Mkesha_Kibirizi:

Wakubwa shikamooni, na wenzangu habari za leo. Mimi ni binti wa miaka 29, mzaliwa wa Ujiji, na huu ni mwaka wa sita naongoza filamu fupi za taharuki kwa fedha ninazopata kwa kurekodi video za harusi na mahafali hapa mjini Kigoma. Ninazo filamu tatu. Ndefu kuliko zote ina dakika 14, nayo inamhusu mwanamke anayekesha ufukweni Kibirizi akihesabu taa za mitumbwi ya dagaa: jioni zilitakiwa kutoka saba, lakini kila anapozihesabu anapata sita. Mtazamaji ameshaona tangu dakika ya pili kwamba mume hakwenda ziwani usiku huo, bali amesimama gizani nyuma ya vichanja vya kuanikia dagaa, hatua chache tu kutoka mgongoni kwa mkewe. Hakuna damu wala mayowe ndani yake. Nilipoionyesha kwa projekta uani kwetu, akina mama walisimama wakamwambia yule mwanamke kwa sauti ageuke.

Mwezi uliopita kampuni moja ya Dar es Salaam, ambayo sitaitaja, iliiona na kuniita niongoze vipindi 26 vya tamthilia, kwa malipo ambayo harusi haziwezi kunipa. Mkataba una kurasa nne, na katika ukurasa wa tatu imeandikwa kwamba ninaihamishia kampuni haki zote za kazi zangu zilizotangulia. Nilipouliza, nilijibiwa kwamba huo ndio utaratibu na kwamba filamu fupi hazina soko hata hivyo. Mama ananisihi nisaini, kwa sababu ameniona nikiuza simu ili nilipe mafuta ya boti. Zimebaki siku tisa. Naomba mnisaidie kuona: je, mwongozaji wa kujitegemea wa filamu fupi anaweza kujenga maisha kwa kazi hiyo, na je, niziachie?

Kalamu_na_Muhuri:

Dada, usisaini ukurasa huo jinsi ulivyo. Kwa Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999, kazi yako inalindwa tangu ilipoundwa hata kama hukuisajili popote, ingawa usajili wa COSOTA, yaani ofisi ya hakimiliki nchini, utakusaidia sana siku utakapotakiwa kuthibitisha kuwa ni yako. Kumhamishia mtu haki si sawa na kumpa leseni. Ukimhamishia, yeye ndiye mwenye mali: anaweza kuifungia kabatini au kuivuta iwe ya dakika 90, na wewe mwenyewe ukitaka kuipeleka kwenye tamasha utamwomba ruhusa. Ukimpa leseni, anaitumia kwa muda, kwa eneo na kwa namna mliyoandikiana, na mali inabaki yako. Kuongoza tamthilia ni jambo jingine kabisa, kwa hiyo waombe liwe na mkataba wake peke yake.

Nina swali moja ambalo naona hukuligusa. Waigizaji wako na aliyekutengenezea muziki, mliandikiana chochote? Kama hamkuandikiana, unaombwa kuhamisha kitu ambacho huenda si chako chote.

Baba_Watatu:

Mimi naona usaini, mdogo wangu. Vipindi 26 ni shule ambayo ungeilipia ada, na wewe unalipwa. Filamu nyingine utatengeneza, kwa kuwa kichwa kilichotoa hizo tatu bado unacho. Mama naye umtazame.

Mhariri_wa_Usiku:

Nimehariri picha kwa miaka kumi na moja, nikianzia Tabora kwenye studio ya chumba kimoja, na ninamheshimu Baba_Watatu, lakini sikubaliani naye kuhusu haki.

Kwanza nikujibu kuhusu maisha, maana swali hilo watu hulikimbia. Filamu fupi yenyewe hailishi. YouTube, kwa mfano, inataka wafuatiliaji 1,000 na saa 4,000 za kutazamwa ndani ya miezi 12 kabla hujagawiwa mapato ya matangazo. Saa 4,000 ni dakika 240,000; kwa filamu ya dakika 14 unahitaji watu zaidi ya 17,000 walioitazama mpaka mwisho, na bado hapo ndipo unaanza. Tena matamasha mengi huuliza kama filamu ilishawekwa hadharani, kwa hiyo ukiharakisha kuipandisha mtandaoni unaweza kujifungia mlango wa baadhi ya matamasha hayo.

Kinacholisha ni kazi zinazoletwa na filamu fupi. Kampuni hiyo haikukupata kwa video za harusi. Ilikupata kwa dakika 14 za mwanamke anayehesabu taa, na sasa inakutaka uipe dakika hizohizo. Ukishaziacha, mtu wa pili akitaka kujua wewe ni nani utamwonyesha nini? Tamthilia ina mikono mingi, na mara nyingi mwongozaji wa kipindi cha kumi na tisa hajulikani hata na jirani yake.

Niseme na hili kama mhariri: kazi ya taharuki imo katika kupima muda. Wewe ulimpa mtazamaji siri dakika ya pili, ukamwachia dakika kumi na mbili za kuibeba. Kwenye tamthilia utaambiwa siri itolewe kabla ya matangazo. Nenda ukajifunze, lakini uende ukiwa na mahali pa kurudi.

Mzee_wa_Katonga:

Binti yangu, mambo ya mikataba siyajui, nina mitumbwi. Umesema uliuza simu kwa ajili ya mafuta, nikasikitika, kwani ulikodi siku za giza wakati boti zote zipo kazini. Wakati wa mbalamwezi dagaa hawafuati taa, nasi tunapumzika siku kadhaa. Mitumbwi iko mchangani, taa zipo, vijana wamekaa bure. Njoo siku hizo, utalipa chakula chao. Na mwanga wa mwezi juu ya ziwa sijui kama kamera yako imewahi kuuona.

Mkesha_Kibirizi:

Nimesoma yote mara mbili, nikamsomea na mama. Asanteni sana. Leo asubuhi nimewaandikia kampuni kwamba niko tayari kuongoza vipindi vyote 26, na kwamba ile ya dakika 14 nitawapa leseni ya miaka miwili, bila kuhamisha chochote. Wamejibu kwamba watanipigia Jumatatu.

Kalamu_na_Muhuri, swali lako lilininyima usingizi. Yule mama aliyeigiza nilimlipa nauli na kilo tano za unga, na hatukuandikiana hata mstari. Kwa hiyo jioni hii nakwenda kwake Kibirizi na karatasi mbili na kile nilichobakiza cha harusi ya Jumamosi. Mzee wangu, shikamoo. Mbalamwezi ijayo nitakuja Katonga, nikipigiwa au nisipopigiwa.