Leseni ya njia imefutwa bila kuitwa, naomba ushauri

Wakuu, nina basi moja tu. Juzi nimeletewa barua ya mistari mitatu: leseni yangu ya njia imefutwa "kutokana na malalamiko". Malalamiko ya nani? Sijaonyeshwa. Sikuitwa kujitetea, na mmoja wa waliokaa kwenye kikao cha uamuzi huo ana mabasi yake njia hiyohiyo (hapo ndipo nilipochoka kabisa). Ninavyofahamu, mtu husikilizwa kabla ya kuhukumiwa, wala hawi hakimu wa kesi yake mwenyewe.

Nianze na rufaa ndani ya mamlaka iliyofuta leseni, au niende moja kwa moja mahakamani kuomba mapitio ya uamuzi? Siku za rufaa zisije zikanipita. Na basi niliegeshe, au naweza kuomba uamuzi usitishwe kwanza?