Kombe la Mapinduzi: vilabu waalikwa au timu za taifa?

Aliyeanzisha mada (Ngamiani, Tanga):

Wakuu, hapa kijiweni tumebishana hadi birika la kahawa likakauka, nami naileta hoja kwenu. Januari 2025 Kombe la Mapinduzi, lile la soka la kila Januari huko Zanzibar, liliondolewa kwa vilabu, likachezwa na timu za taifa: Zanzibar, Kilimanjaro Stars (timu ya Tanzania Bara), Kenya na Burkina Faso. Ilikuwa sawa? Nasema hapana, nami ni mtu wa Tanga nisiye na timu Unguja.

Tangu 2007, Yanga walipobeba la kwanza, haya yalikuwa mashindano ya vilabu kualikana. Azam wamelichukua mara tano, tatu mfululizo kuanzia 2017 hadi 2019. Waganda walivuka bahari wakaondoka nalo mara mbili: KCCA 2014 walipoifunga Simba 1-0, kisha URA 2016. Mgeni alikaribishwa, na akiweza alibeba.

Halafu kuna Mlandege, klabu ya Unguja. Ligi ya Zanzibar na ya Bara ni mbili mbalimbali, kila moja inapeleka wawakilishi wake kwenye mashindano ya CAF, shirikisho la soka la Afrika. Klabu ya Unguja inaweza kumaliza miaka bila kukutana na Simba kwenye mechi yenye kombe mezani, isipokuwa Januari. Mlandege 2023 waliifunga Singida Big Stars 2-1 kwenye fainali, watu wakasema bahati. 2024 wakaifunga Simba 1-0, fainali vilevile. Mwaka uliofuata bingwa huyo hakupewa hata nafasi ya kulitetea kombe lake. Linaniuma hilo.

Mchangiaji (Chumbageni, mzaliwa wa Wete):

Mwanakwetu, Mlandege nawapenda, lakini umeisahau timu yetu ya taifa. Zanzibar haimo FIFA. CAF ilitupa uanachama kamili Machi 2017, ikatuvua Julai mwaka uleule. Tumebaki na Chalenji, kombe la mataifa ya Afrika Mashariki na Kati, ambalo tumelichukua mara moja tu, 1995. Desemba 2017 tulifika fainali kule Machakos, sare 2-2 na Kenya, matuta yakatutoa. Sasa fikiria Gombani, Pemba kwetu, 13 Januari 2025: Zanzibar 2, Burkina Faso 1. Mtu mzima mimi nililia. Wenye Kombe la Dunia la kuota hamwezi kujua kombe hili moja lina uzito gani kwetu.

Mchangiaji (Makorora):

Mimi naona vilabu vyenyewe vimelichosha. Vikubwa mara nyingine vinaleta vijana na wachezaji wa majaribio, halafu kocha akifungwa anasema alikuwa anaangalia kikosi. Shabiki amelipa kiingilio! Bora timu ya taifa inayokuja kucheza kweli. Na kama ni kualikana, kwa nini isiwe Tanga? Uwanja wa Mkwakwani tunao.

Aliyeanzisha mada:

Ndugu wa Wete, umenigusa, na sitaki Zanzibar ikose uwanja wa kuchezea. Chalenji yenyewe inaruka miaka, kwa hiyo madai yenu ni ya haki. Ila dawa yake ni kuitafutia timu ya taifa mashindano yake, hata kwa kualika kama Burkina Faso walivyoalikwa, kwenye tarehe za mechi za kimataifa ambapo ligi zimesimama. Ukiichukua Januari, unamvua Mlandege kumvisha Zanzibar, na wote ni watoto wa nyumba moja.

Wa Makorora, la vikosi vya majaribio ni kweli. Liandikwe kwenye barua ya mwaliko: asiyeleta kikosi cha kwanza asije, nafasi apewe mwingine. Coastal Union yetu ya Tanga ipo, ya tangu 1948, bingwa wa Bara 1988, na Pemba iko ng'ambo ya mkondo tu. Hao Wagosi wetu wa Coastal wangekwenda na vyote walivyonavyo.

Mkwakwani inaweza, hilo halina ubishi: Agosti 2023 Ngao ya Jamii, ile ya kufungua msimu wa Bara, ilichezwa pale na timu nne, Simba ikaifunga Yanga kwa penalti. Lakini Mapinduzi ni sherehe ya Visiwani, na kombe lake lichezwe hukohuko, Amaan na Gombani. Sisi tutavuka.

Jibu moja nalisubiri kutoka Chumbageni: timu ya taifa ikipata tarehe yake, Januari utawarudishia Mlandege?