Shairi nililowaandikia wakombozi mwaka 1997: nilifanye nini?

Mwalimu wa Kadutu:

Jambo wandugu. Niko mwalimu wa historia hapa Bukavu. Wiki iliyopita mvua iliingia chumba cha nyuma, tukatoa vitu vyote kuanika. Binti yangu wa pili, yule wa chuo kikuu, akafungua sanduku la bati akakuta daftari langu la mwaka 1997. Ndani mna shairi la beti 12 la kuwakaribisha wakombozi, wale wapiganaji wa Kabila waliomwondoa Mobutu. Nililisoma kwa kipaza sauti mbele ya watu, siku chache baada ya majeshi ya Mzee Kabila kuingia Kinshasa tarehe 17 Mei. Nilikuwa na miaka 22 na shati la kuazima. Vigelegele! Mama mmoja wa sokoni akanitunza sambaza, vile visamaki vya ziwa letu, mfuko mzima. Sijashangiliwa tena namna ile maishani.

Na niliamini, msidhani nilikuwa natafuta kazi. Nilizaliwa chini ya Mobutu, nikasoma chini ya Mobutu, nikamwona baba akifundisha miezi na miezi bila mshahara. Halafu vijana wakaja kwa miguu, wamevaa buti za mpira, kadogo, mwanajeshi mtoto, mwenye bunduki inayomzidi urefu anakuomba maji na kukuita kaka. Nani asingeandika?

Siku 9 baada ya Kinshasa, vyama vyote vikakatazwa kufanya siasa isipokuwa muungano wao. Nikajiambia ni kwa muda tu. Agosti 1998 vita vikarudi, Rwanda na Uganda waliomleta wakamgeuka, na sisi Bukavu tukapata wakombozi wengine. (Tumekombolewa mara nyingi hapa, nimeacha kuhesabu.)

Haya yote nimeshayazoea. Kilichonikosesha usingizi ni swali la binti. Alisoma beti zote 12 akiwa amesimama, kisha akaniuliza: "Papa, Munzihirwa yuko wapi humu?"

Munzihirwa, askofu wetu mkuu, aliuawa jioni ya 29 Oktoba 1996, hapo Nyawera, wakati wale niliokuja kuwaimbia wakiuteka mji. Nilimlilia. Miezi 7 baadaye nikaandika beti 12, naye hayumo. Sikumsahau. Nilijiambia jina lake halikai kwenye mizani.

Mke wangu anasema nichome. Wewe uliyeandika ukiamini, kisha imani ikakutoka, maandishi yako uliyapeleka wapi?

Mjukuu wa Fizi:

Mwalimu, usichome. Huku kwetu alipita mtu aliyeandika aibu yake yote. Che Guevara, mwanamapinduzi, alivuka ziwa kutoka Kigoma na Wacuba wenzake Aprili 1965, akajiita Tatu ili aonekane mdogo chini ya wenzake walioitwa Moja na Mbili, akakaa milimani juu ya Kibamba karibu miezi 7. Daftari lake linaanza kwa kukiri kwamba hii ni habari ya kushindwa. Na Kabila wako yumo! Walimngojea wiki baada ya wiki. Akaja Julai, akakaa siku 5, akarudi Kigoma. Che aliandika kwamba huyu ndiye peke yake aliyemwona na kipaji cha kuongoza umati, ila hana uzito wa mwanamapinduzi. Ungeyasoma hayo mapema labda ungebakiza beti 6. Lakini kitabu kamili hakikutoka mpaka 1999.

Mimi kisa ninachokirudia ni cha mizigo. Wapiganaji wetu wakitumwa kupandisha chakula mlimani walikuwa wanajibu: "Mimi hapana motokari," yaani mimi si lori. Che aliandika kwa uchungu, akaona ni uvivu. Babu yangu alikuwa kule, na mpaka anakufa alikuwa akicheka: "Walituletea mapinduzi, tukauliza nani atayabeba." Alikiri kwamba Che, yule mgonjwa wa pumu, hakujipendelea. Lakini alikumbuka pia usiku ule wa Novemba, boti zilipokuja. Wacuba wakapanda, wenyeji wengi wakabaki ufukweni. Hilo nalo Che ameliandika, hakujificha. Ndiyo maana nakwambia usichome.

Kijana wa Kamalondo:

Kwa heshima zote, mzee wangu, naona unajipa ukubwa. Shairi la mwalimu wa miaka 22 halikuweka serikali wala halikuitoa. Sisi huku Katanga tuna Mudimbe, mwandishi na mwanafalsafa, mzaliwa wa Likasi, aliyefundisha hapa Lubumbashi. Alipotakiwa aingie kamati kuu ya chama cha Mobutu, aliiacha nchi, akafundisha Marekani, akafia huko 2025. Huyo alikuwa na cha kupoteza. Wewe ulipata sambaza.

Mama wa Bagira:

Mjukuu wangu ananiandikia hapa, mimi macho hayaoni vizuri. Wewe kijana wa Kamalondo, sambaza wakati ule hazikuwa mchezo.

Mwalimu, siku ile nilikuwepo. Labda si mkutano wako, ilikuwa mingi, lakini nilikuwa katikati ya watu kama hao nikipiga vigelegele. Rozari ya mazishi ya baba askofu ilikuwa bado mfukoni mwangu. Hakuna aliyepaza sauti kusema "na askofu je?" Mimi sikusema. Jirani yangu, aliyekuwa anaimba kwaya pale kathedrali, hakusema. Tulikuwa tumechoka na Mobutu, tukaona tukimtaja marehemu tutaharibu sherehe. Basi usijifanye ulinyamaza peke yako, mwanangu. Hilo nalo ni majivuno.

Mwalimu wa Kadutu:

Mama, nimesoma maneno yako mara tatu. Shikamoo. Kijana, umenipiga vizuri, nimecheka mpaka mke wangu akatoka jikoni kuuliza kuna nini. Ndugu wa Fizi, kisa cha babu nitakipeleka darasani Jumatatu ukiniruhusu.

Sijachoma. Jana usiku umeme ulipokatika niliwasha mshumaa nikajaribu kuandika ubeti wa 13. Sijaumaliza. Lakini nilihesabu kwa vidole, kama tulivyofundishwa: Mu-nzi-hi-rwa. Mizani 4. Vipande vyangu vyote ni vya mizani 8.

Lingeingia.