"Kwani ulisema kuna vitu?" Huyu fundi ataniua

Wakuu, naandika natetemeka. Mkiona herufi zimeruka ni hasira, kibodi ni nzima.

Fundi mwenyewe mnamjua. Simtaji. Yule wa ghorofani, mwenye feni isiyozunguka na lundo la kompyuta za marehemu. Nusu ya humu ndani ameshawalia hela.

Nina kompyuta ya mezani pale steshenari yangu. Ni Windows XP, ndiyo, XP, msianze. Jumatatu naiwasha, skrini nyeusi, maandishi meupe: faili la system32\hal.dll halipo au limeharibika. Nikabeba boksi mgongoni kama nampeleka bibi hospitali, ngazi hadi juu, nikampa.

Akatazama sekunde mbili. "Hii Hal ni kirusi kibaya sana bro." WAKUU. hal.dll ni faili la Windows lenyewe! Ukibonyeza kibodi, ukisogeza kipanya, diski ikimaliza kusoma, kila kimoja kinabisha hodi kwa prosesa, na hal.dll ndiye bawabu anayezijua chipu za kupokea hizo hodi. Fundi mzima hamjui bawabu wa nyumba anayoingia kila siku, anamwita mwizi.

Jioni nikarudi. Mashine inawaka, kile kilima cha kijani na mawingu, safi kama kaburi jipya. Nauliza, mafaili yangu? Jamaa anatafuna kitumbua, hata shingo hakugeuza: "Kwani ulisema kuna vitu?"

KWANI. ULISEMA. KUNA. VITU. Kompyuta ya duka, miaka yote hiyo, alidhani nimehifadhi maharage? Daftari la madeni la tangu 2012 limekwenda. Picha za paspoti za kata nzima zimekwenda. Akanichaji 30,000 na 5,000 juu, eti ya antivirasi. Huku anatafuna. Usiku nikifumba macho nakiona kile kitumbua kinaniuliza, kwani ulisema kuna vitu?

Kitasa_Mbovu: Huyo namjua. Simu yangu iliingia kwake haina sauti, ikatoka haina mtandao.

Baba_Printa: Pole sana mkuu. Hilo daftari la madeni lilikuwa na nakala mahali pengine? Namuulizia rafiki yangu.

Mwenye uzi: Wewe ni 14,500 ya mwezi wa nne. Hiyo ipo kichwani.

Mchele_Mbichi: Fundi apewe ulinzi. Ametufutia madeni mtaa mzima.

Jongoo_Mjini: XP? Microsoft waliacha kuihudumia 8 Aprili 2014. Mtoto aliyezaliwa siku ile sasa anakuona wewe ndiye mtoto.

Mwenye uzi: Nilisema msianze.

Kitasa_Mbovu: Ungeniambia mapema ningekupa hal.dll yangu kwenye flashi.

Prosesa_Mzee: Usithubutu. XP ilikuja na hal kadhaa. Wakati wa kupiga Windows inachagua inayofaa mashine, mfano halacpi.dll au halmacpi.dll, halafu inaibatiza jina la hal.dll. Ya kwako inaweza kuwa imeandikiwa chipu nyingine ya hodi, mashine yake igome kabisa. Na wale wa kushusha dll kwenye tovuti za ajabu, huko ni kuokota mswaki barabarani.

Mwenye uzi, nina swali. Kabla haijagoma, kuna mtu aliigawa diski? Maana ujumbe huo kwenye XP mara nyingi faili lenyewe ni zima, limekaa palepale. Kilichopotoka ni boot.ini, faili linaloielekeza mashine Windows iko wapi. Yenyewe inasema partition(1), yaani kipande cha kwanza cha diski, Windows yako iko partition(2), basi mashine inagonga kwa jirani, haimkuti hal.dll, inapiga yowe kuwa kapotea. Unaweka CD ya XP, unabonyeza R, unaandika bootcfg /rebuild. Muda wa kunywa chai tu. Mafaili hayaguswi.

Mwenye uzi: Mpwa wangu aliigawa Jumapili ili aweke gemu.

Mwenye uzi: Nyamazeni kwanza.

Mchele_Mbichi: 😂😂😂 Mhalifu yuko kwako anakula ugali wako.

Mwenye uzi: Sawa, mpwa ana kesi yake. Lakini KWANI ULISEMA KUNA VITU? Hilo nalo ni la mpwa?

Chaji_Asilimia2: Afadhali wewe. Mimi nina Windows 10, kila nikichomeka kadi ya waifai napigwa skrini ya bluu, IRQL_NOT_LESS_OR_EQUAL. Fundi huyohuyo kaniambia ninunue Hal mpya, 40,000.

Prosesa_Mzee: Hiyo itakuwa draiva, ile programu ya kuiendesha kadi. Halafu tangu Windows 10 toleo la 2004, hal.dll limebaki ganda, kazi yenyewe imehamia ndani ya ntoskrnl.exe, kiini cha Windows chenyewe. Anakuuzia nyumba iliyohamwa.

Chaji_Asilimia2: Nimeshalipa nusu.

Bi_Mwana_Pwani: Nyie mwalia na mavyuma. Mie fundi wangu wa cherehani nimempa kitambaa tangu Shaabani, Idi imepita, aniambia "ingia kesho". Nimeingia hadi mbwa wa mtaa ule hanibwekei tena.

Jongoo_Mjini: Wa cherehani wote ni hivyo. Wangu alinishonea suruali mguu mmoja wa msibani, mwingine wa mafuriko.

Kitasa_Mbovu: Ana ndevu za hina, redio inakoroma?

Jongoo_Mjini: NDIYE!

Kitasa_Mbovu: Huyo ana koti langu la harusi. Ndoa yenyewe imeshavunjika.

Mwenye uzi: Jamani, kompyuta yangu.

Bi_Mwana_Pwani: Mwanangu fungua uzi wako, hapa twazungumza nguo.