Mashuka ya pamba yanabaki na makunyanzi hata baada ya pasi

DadaWaGesti
Wadau, naomba msaada. Mashuka ya gesti, meupe, pamba tupu, ya kitanda cha 6 kwa 6. Yanafuliwa kwa mashine ya kilo 7 na kuanikwa juani. Yakianuliwa yana mistari midogo midogo kama utando wa buibui, na pasi ya umeme kwenye moto wa mwisho haiitoi yote. Niweke wanga, au kuna kinachokosewa kabla ya pasi?

DobiMkongwe
Kinakosewa kabla, dada. Pamba ikiwa mbichi na ina joto, nyuzi zinalegea. Ikikauka zinakaa vilevile zilivyokutwa. Shuka lililosokoteka na kuachwa nusu saa ndani ya mashine iliyosimama limeshajikunja kikwelikweli.

Weka mashuka manne tu kwa mkupuo, bila mataulo. Taulo linanywa maji, linakuwa zito na kuyaburuta mashuka. Kasi ya kukamulia ishushe kutoka 1200 hadi 800, hata 600. Yatachuruzika kambani, ndiyo, lakini uzito wa hayo maji ndio unaolinyoosha shuka.

Mashine ikisimama, toa hapohapo. Watu wawili walishike kwenye ncha, walikung'ute kwa nguvu mara tatu nne, kisha walivute kwa urefu na kwa upana. Msilitundike kwa ncha mbili, litalegea katikati na kuota pembe kwenye vibanio. Kutanisheni pindo na pindo, mpitishe upana wa kiganja juu ya kamba, vibanio vinne.

MamaPasi
Hapo kwenye kuanua ndipo wengi wanapoharibu. Anua shuka likiwa na ubichi kidogo: katikati pamekauka, pindo bado za baridi ukizishika. Likishakauka kau, pasi kavu hailiwezi. Ukizidisha moto unaligeuza la manjano tu. Linyunyizie maji ya uvuguvugu, likunje kama mkeka, liweke kwenye mfuko wa plastiki dakika 20 hadi 30 ubichi usambae, ndipo upige pasi. Usililaze humo usiku kucha, litapata ukungu.

Pasi iwe nukta tatu kwa pamba, nukta mbili kama imechanganywa na poliesta. Anza na pindo, maana ndizo nene. Kunja mara mbili, piga pande zote, kunja tena, piga. Ukimaliza liache lipoe kabla ya kulipanga kabatini. Ukilibana la moto chini ya mengine linapata mikunjo mipya.

Na wale wanaoanika kivulini au majanini, msiruke pasi. Kuna inzi wanaotaga kwenye nguo mbichi, na funza wake huingia kwenye ngozi. Joto la pasi pande zote mbili linaua mayai.

Mchuuzi_Mashuka
Wanga achana nao. Unalikaza shuka, na mgeni akilala usiku mmoja mikunjo inakuwa mikali zaidi. Kama maji yenu ni ya kisima na sabuni haitoki vizuri, tia nusu kikombe cha siki nyeupe kwenye maji ya mwisho ya kusuuzia. Ila siki isikutane na jiki hata kidogo, inatoa gesi ya klorini inayochoma mapafu.

DadaWaGesti
Asanteni sana. Na masika, jua likigoma?

MamaPasi
Kamba ndani, feni iwashwe, shuka moja kwa kamba moja, yasibebane. Ukiwa na mashine ya kukaushia, joto la kati, na uyatoe kabla hayajakauka kabisa.

Mchuuzi_Mashuka
Mkinunua mengine, chukueni machache ya pamba 50 na poliesta 50. Yanakauka haraka na hayakunjiki sana, lakini yana joto. Yapelekeni vyumba vyenye AC. Vya feni vibaki na pamba.